Biva wa Nkololo

Mliponiaga ofisini mlinipa saa ya ukutani, zawadi nzuri sana kwa mtu ambaye hana tena pa kuwahi. Nimeitundika sebuleni, na kila asubuhi inanionyesha kwamba nimechelewa kazini na hakuna anayejali. Katika hotuba za siku ile moja imenikaa kichwani. Kijana wetu Sayi alisimama akasema, kwa Kiingereza chake kizuri, kwamba mzee huyu alikuwa "eager beaver" tangu siku ya kwanza hadi ya mwisho. Mkapiga makofi. Mimi nikacheka peke yangu, mkadhani ni furaha ya kustaafu. Sasa ninao muda wa kueleza nilichokuwa nacheka, na kwa kuwa wengi wenu mtatumwa vijijini kusemea watu wengine, mpende msipende, someni mpaka mwisho.

Habari za vyeo sitaziandika. Vilikuja vilipotaka, na kimoja kilinijia kwa barua yenye jina la mtu mwingine. Nitaandika habari za mnyama ambaye sijawahi kumwona, na mama mmoja wa Nkololo ambaye nilimkosea.

Ukalimani nilijifunza kabla sijajua kuwa ni kazi. Nilikuwa karani wa chama cha ushirika hapa Bariadi, na pamba ikishasombwa karani alikuwa hana la kufanya ila kunoa penseli. Basi nilikuwa natoroka kwenda mahakama ya mwanzo kumsikiliza Mzee Bugumba. Huyu alikuwa akiwatafsiria hakimu na wafugaji, Kisukuma kwa Kiswahili na Kiswahili kwa Kisukuma, amevaa kofia ya kahawia aliyoachiwa na ofisa mmoja wa zamani wa Kiingereza. Siku moja mshtakiwa alikasirika akamwita hakimu bundi. Mtu mwingine angesema, "Mheshimiwa, huyu hakubaliani nawe." Mzee Bugumba alisema, kwa sauti ileile aliyotumia kutaja idadi ya ng'ombe, "Anasema wewe ni bundi." Hakimu akamtazama Mzee, Mzee akatazama ukuta, kesi ikaendelea.

Nje nilimuuliza kama hakuogopa. Akanijibu maneno ambayo ningependa yaandikwe juu ya mlango wa ofisi yenu, badala ya ile picha ya maporomoko ya maji. "Mkalimani hana tumbo, Luhende," alisema. "Kinachoingia sikioni kitokee mdomoni. Ukianza kuvitunza vingine tumboni, vitaoza na utanuka wewe." Nilicheka, nikadhani nimeelewa.

Kisha ikaja ruksa, serikali ikaacha kila mtu afanye biashara. Maduka ya Bariadi yaliyokuwa na kiberiti na vumbi yakajaa sabuni za rangi zote, mitumba ikamwagwa chini kila mnada, na wanunuzi binafsi wa pamba wakaingia na mizani zao. Ushirika wetu ukaanza kuhama kutoka meza moja kwenda nyingine mpaka meza zikabaki na watu hakuna. Sisi makarani tuliambiwa tupumzike kidogo. Mapumziko hayo yalikuwa yameingia mwezi wa tano nilipoitwa na mradi wa malambo, mabwawa ya kukinga maji ya mvua. Walitaka mtu mwenye Kiingereza, Kiswahili na Kisukuma, asiyelalamika akikalishwa nyuma ya pikapu. Lugha ninazo, na mgongo nao ulikuwa bado mzima.

Siku ya kwanza nilifika na vyombo vyangu vitatu: kamusi niliyoishonea jalada la ngozi ya ng'ombe, daftari nene la kaunta, na kalamu mbili, ya bluu kwa maneno niliyoyajua na nyekundu kwa yaliyonishinda. Injinia alikuwa Mkanada aitwaye Alan, mrefu, mwembamba, shingo imeiva kwa jua. Alitushika mkono mimi na dereva wetu Doto, akasema hahitaji mabwana wakubwa, anahitaji "eager beavers". Doto akanigeukia. Nikamwambia, kwa kubahatisha, kwamba anataka watu wachapakazi. Nilibahatisha vizuri, lakini jioni nilitumia kalamu nyekundu, na kwa mtu kama mimi wino mwekundu ni mwiba kwenye unyayo.

Kamusi ilisema "beaver", yaani biva, ni mnyama wa manyoya, agugunaye, aishiye majini. Haikuninufaisha. Jumapili baada ya misa nikamwomba padre kitabu chake kikubwa cha elimu ya dunia, na hapo ndipo nilipokutana na biva uso kwa uso. Ana ukubwa wa mbwa mnene, meno ya rangi ya machungwa, mkia bapa kama mwiko wa ugali. Anaangusha miti kwa meno, anaikokota mtoni, anakandika tope kwa mikono yake, mpaka mto unasimama unakuwa bwawa. Kisha anajenga nyumba katikati ya bwawa lake na kukaa humo na familia. Mnyama anayejenga lambo bila mfadhili. Nilimpenda mara moja.

Baada ya hapo nilishikwa na ugonjwa. Kila wiki Alan alidondosha neno jingine la huyu mnyama, nami naokota. Mtu akiwa na shughuli nyingi, ana shughuli kama biva. Mtu akiinamia kazi siku nzima bila kuinua kichwa, Waingereza humfanya biva kuwa kitendo kabisa, wanasema "beaver away". Mnadani Lamadi nilikuta koti la mtumba zito kama godoro, na kitambaa chake kinaitwa kwa jina lake biva, kwa sababu kimefumwa kiwe laini na kizito mfano wa manyoya yake. Nilijiuliza nani atavaa kitu kile kwenye joto letu. Kabla sijamaliza kujiuliza mvuvi mmoja alilivaa akaondoka nalo, maana ziwani alfajiri si mchezo.

Hata mafuta ya nyonyo, yale ambayo mama yangu alininywesha kila nilipodai naumwa ili nisiende shule, kwa Kiingereza yanaitwa "castor", na hilo ndilo jina la biva katika lugha ya zamani ya Wagiriki. Wanasema huyu mnyama ana mafuta yake ya dawa, yakawa adimu, watu wakakamua nyonyo mahali pake na jina likabaki. Nilihuzunika kidogo kujua kwamba utotoni niliteswa kwa niaba ya biva. Vitabu vya vita vya zamani navyo vina "beaver", kipande cha kofia ya chuma cha kukinga kidevu, lakini hicho hakihusiani kabisa. Ni kama Masanja wawili waliokutana kwenye basi, kila mmoja na ukoo wake.

Elimu hii si ya kutolewa popote. Tulialikwa chakula Mwanza kwa mkuu wa mradi, mke wake akiitwa Beverley, nami kati ya samaki na matunda nikamweleza kwamba jina lake lilianza kama jina la kijito chenye mabiva. Mama yule alinipitishia chumvi ambayo sikuiomba. Alan alicheka njia nzima mpaka Magu.

Niliporudi nilimpitia Mzee Bugumba kwake Kiloleli, alikokuwa amestaafu na mihogo yake. Nikamwambia kwamba kofia nzuri za Wazungu wa zamani zilitengenezwa kwa manyoya ya biva, wakawinda mpaka nusura wamalize, na kwamba huenda yeye amevaa mnyama kichwani miaka yote hii. Akaivua, akaigeuza, akainusa, akairudisha. Aliniuliza kama katika maneno yote hayo bado nakumbuka lile alilonipa bure. Nikamwambia nalikumbuka. Alinitazama kama alivyoutazama ule ukuta wa mahakamani.

Mkutano wa Nkololo ulifanyika kiangazi, chini ya paa la ghala la pamba lisilo na pamba. Kijiji kilikuwa na vitongoji viwili. Cha juu kilikuwa cha wafugaji wakubwa, na mwenyekiti wa kijiji, Mzee Maduhu, alikuwa wa huko. Cha chini kiliitwa Bondeni, kaya chache, ng'ombe wachache. Mto wao hukauka juu lakini chini ya mchanga maji yanatembea, na Bondeni waliishi kwa visima vya mchangani. Kila kaya huchimba shimo lake katikati ya mto mkavu na kulizungushia miiba ng'ombe wasiingie. Lambo lingejengwa juu, kwa Mzee Maduhu.

Alan alitoa hotuba fupi. Alimalizia kwa kusema tutafanya kazi kama mabiva, na mvua zikija zitukute tumemaliza. Ningesema kwa Kisukuma "tutachapa kazi" nikakaa, watu wangekwenda kunywa togwa. Lakini nilikuwa na mnyama wangu tumboni muda mrefu na hadhira ya kijiji kizima mbele yangu. Nikamtoa. Nikaeleza meno, nikaeleza mkia, nikainama kuonyesha anavyokandika tope, nikaangusha mti kwa mdomo. Wazee walisahau kuvuta ugoro. Nilipomaliza Alan aliniuliza kwa upole kama ile ilikuwa sentensi yake moja.

Maswali yakaanza. Mmoja aliuliza kama analiwa. Mzee Maduhu mwenyewe alisimama akauliza kama mradi utamleta huyo mnyama kwenye kizimba, maana wao wana ngitili, malisho yao ya akiba yenye miti waliyoitunza tangu enzi za babu zao, na hawataki kitu chenye meno ya namna hiyo humo. Nilimpa Alan swali hilo neno kwa neno. Akacheka, akaahidi mbele ya serikali ya kijiji kwamba hataleta hata mmoja.

Ndipo akasimama mama wa makamo kutoka upande wa wanawake. Aliitwa Minza, wa Bondeni, nilikuja kumjua baadaye. Alifunga kanga yake vizuri kiunoni na kusema polepole. "Mimi nauliza habari za huyo mnyama. Akishaziba mto, wa chini anakunywa nini?"

Watu walicheka. Walidhani ni swali la mnyama kama yale mengine. Mimi sikucheka, kwa sababu mimi ni Msukuma na nimelelewa na bibi. Mwanamke wa kitongoji kidogo hasimami kumwambia mwenyekiti mbele ya wageni kwamba anamnyima maji. Anauliza habari za mnyama. Nililielewa swali lilipotoka mdomoni mwake, na Mzee Maduhu alilielewa pia, maana alinitazama mara moja kisha akatazama fimbo yake.

Alan aliniuliza amesema nini, mbona wamecheka. Sasa sikilizeni nilivyofanya, kwa sababu nimeyabeba haya miaka mingi. Wiki mbili nyuma, kijiji kingine kilianza kugombana mkutanoni, na Alan alifunga ramani yake akasema lambo litakwenda palipo na amani. Nililiona lambo la Nkololo likipanda gari na kuondoka, na mimi nikirudi kwenye yale mapumziko. Na jua lilikuwa kali, na watu walikuwa wamefurahi, na niliyewafurahisha ni mimi. Nikamwambia, "Anafanya utani kuhusu biva." Akamtabasamia yule mama, akampungia mkono. Mama Minza hakupunga. Alikaa chini.

Kazi ilianza kesho yake, na ilikuwa kazi nzuri kweli. Kitongoji cha juu na cha chini walitoka wote, Bondeni wakiwemo, kwa kuwa kijiji kikiitwa kinaitwa. Ngoma ya bugobogobo ilipigwa pembeni na majembe yakapanda na kushuka pamoja, Alan akiwa katikati amevua viatu. Kwanza ulichimbwa mtaro wa msingi kukata mto, kupita mchanga wote mpaka kwenye ardhi ngumu. Kisha tukaujaza udongo wa mfinyanzi, ukashindiliwa tabaka kwa tabaka kwa magogo. Alan alinieleza kwamba bila mtaro huo lambo linavuja kwa chini. Nilitafsiri vizuri sana. Tafsiri yangu haijawahi kuwa safi kama wiki zile, kama mtu anayefagia uwanja wote na kuacha chini ya kitanda.

Mtaro ulipojaa ilipita kama wiki. Mchana mmoja nikapanda baiskeli kushuka Bondeni, kisingizio changu kikiwa orodha ya wafanyakazi. Mtoni nilikuta miiba na mashimo. Katika shimo moja nikaona mikono ikirusha mchanga, kichwa hakionekani. Nilisogea. Alikuwa Mama Minza, amesimama ndani ya kisima chake, ukingo wake juu ya mabega, anakwangua kwa kipande cha kibuyu. Ndoo yake haikuwa imefika nusu.

"Mwadila, mayu," nikamsalimu, habari za mchana, mama.

"Mwadila, ng'wana Luhende. Mhola?"

"Mhola."

Alimimina kibuyu kingine, maji na mchanga nusu kwa nusu. Hakupandisha sauti. Alisema kiangazi kama hiki maji huwa yanamfika magotini akiwa amesimama hapo hapo, na kwamba miaka yote aliyoolewa hapo hayajawahi kushuka ghafla namna hii. Kisha akanyoosha mgongo akanitazama kutoka chini.

"Yule mnyama wako ameshafika," alisema.

Nikatazama ndoo yake. Yeye akaendelea.

"Ulimpa mzungu neno langu?"

Ningeweza kusema nilimpa akapuuza. Alan hajui Kisukuma, nani angenikamata? Lakini niliona vidole vyake vimechubuka kwa mchanga, na aibu ikanishika mpaka masikio yakapata moto.

"Sikumpa, mayu."

Alitikisa kichwa kidogo, kama mtu aliyethibitisha kitu alichokijua. "Basi bado liko tumboni mwako," alisema. "Litoe." Akainama kukwangua.

Mama yule hakuwahi kukanyaga mahakama ya mwanzo wala kumjua Mzee Bugumba. Nilirudi nikisukuma baiskeli, nikashindwa kuipanda.

Asubuhi nilimkuta Alan kwenye tuta anakunywa chai kwenye kikombe cha bati. Nilimwambia kuna neno la mkutano ambalo sikumpa. Akauliza la nani. Nikasema la yule mama waliyemcheka. Akaweka kikombe chini akaniambia nimpe sasa, kama lilivyosemwa, nisilipambe. Nikampa neno kwa neno. Kisha nikamwambia nilichokiona kisimani.

Alimwaga chai iliyobaki kikombeni. Alijua vizuri kuliko mimi kwamba mtaro ule ulikuwa umekata maji ya chini ya mchanga. Hakuna aliyekuwa amemwambia kwamba kuna watu wanaoyanywa, na yeye hakuwa ameuliza, na hilo pia alilijua.

"Hapa mimi ni kiziwi, Luhende," alisema mwishoni. "Wewe ndiye masikio yangu. Sikuchukua masikio yanayochagua."

Nilingoja anifukuze. Badala yake alivaa viatu akasema twende. Aliposhuka Bondeni hakuanza na maneno. Aliomba ruhusa ya Mama Minza, akaingia kisimani, akakwangua mpaka akajaza kibuyu kimoja. Ilimchukua muda mrefu wa kutosha. Alipotoka, magoti yana tope, alikaa kwenye mchanga akaanza kunisimulia habari za shamba la baba yake huko kwao, nami nikamtafsiria mama sentensi kwa sentensi, bila kuongeza mkia.

Alisema huko kwao biva si hadithi, ni jirani msumbufu. Mmoja alikuwa akiziba kalavati la barabara yao kila mara. Baba alikuwa akibomoa asubuhi, biva anajenga tena, na shamba la jirani wa chini likakauka huku lao likifurika. Wakataka kumpiga risasi. Mpaka mzee mmoja akaja na bomba refu, akalipenyeza katikati ya bwawa la biva, mdomo wake mbali huko majini umezungushiwa wavu. Biva akabaki na bwawa lake na maji yakapita kwa wa chini. Bomba hilo lina jina kwa Kiingereza, "beaver baffler", kitu cha kumpoteza biva maboya. Mama Minza alisikiliza yote. Kisha akauliza, kupitia kwangu, kama huyo mnyama wa Nkololo naye atakubali kuwekewa bomba.

Mnyama wa Nkololo hakukubali kirahisi. Mkutano wa pili Mzee Maduhu alikuwa mkali. Kufukua mtaro upya ilikuwa kazi ya siku nyingi, na mawingu yalishaanza kukusanyika upande wa ziwani. Mvua ikikuta tuta limekatwa, kila kitu kingeondoka na maji. Alisema karani huyu wa mjini ndiye aliyewagombanisha. Nilimgeukia Alan nikamwambia, "Anasema karani huyu wa mjini ndiye aliyetugombanisha." Halafu Maduhu akauliza ni nani amewahi kufinyanga chungu akakitoboa mwenyewe. Nikatafsiri hilo pia. Wanaume wakacheka.

Mama Minza alisimama. Safari hii hakumtafuta mnyama wa kumsemea. "Mwenyekiti," alisema, "chungu cha kuchujia magadi tunakitoboa wenyewe, na mlenda wake unaula kila siku. Tuachie tundu moja."

Kicheko kilihama upande. Ilinibidi nimweleze Alan habari za magadi, yale maji yanayochujwa kwenye majivu kulainishia mlenda, na nilieleza yote, nikachukua muda wangu. Hata Mzee Maduhu alijikuta anapangusa macho. Akasema vijana wafukue, lakini bomba litoke wapi, maana kuagiza Mwanza ni mwezi mzima. Hapo angalau nilikuwa na kitu cha kutoa. Nyuma ya ghala la ushirika wetu Bariadi kulikuwa na mabomba ya chuma na koki yake, yaliyoletwa kwa kazi ambayo ruksa iliikuta njiani, na mimi karani ndiye niliyeyapokea. Nilijua hata yaliko magugu yanayoyafunika. Doto aliyaleta siku ya pili.

Siku zile sitazisahau. Ngoma haikunyamaza tangu kunapambazuka. Mtaro ulikatwa, bomba likalazwa chini kabisa ya tuta, wavu mdomoni, koki upande wa Bondeni, udongo ukarudishwa na kushindiliwa. Mimi mwenyewe nilishika gogo mpaka malengelenge yakapasuka, kwa kuwa maneno yangu yalikuwa yametugharimu kazi ya watu wote hao. Tabaka la mwisho tulilishindilia manyunyu yakitupiga mgongoni. Mvua kubwa ilipiga siku iliyofuata. Tuta lilisimama. Baada ya wiki chache Alan alizungusha koki mbele ya kijiji kizima, bomba likakohoa tope, likakohoa tena, kisha likatoa maji. Mkono wa ile koki walikabidhiwa Bondeni, utunzwe nyumbani kwa Mama Minza. Jioni nilichukua kalamu ya bluu nikaandika neno la bomba kwenye daftari, na chini yake swali la yule mama kwa Kisukuma, kama alivyolisema.

Alan aliondoka mradi ulipokwisha. Mimi nilibaki, nikafanya kazi na mainjinia wengine, wengine wazuri, mmoja hakuwahi kuvua viatu. Bariadi ikaja kuwa makao ya mkoa na ofisi zikapata marumaru. Kila mkutano nilioutafsiri baada ya ule, nilimtafuta kwa macho yule atakayeuliza habari za mnyama. Karibu kila mara yupo, Sayi. Anakaa pembeni na watu humcheka.

Juma lile mliloniaga nilikwenda Nkololo. Lambo lipo, lina matete pembeni na ng'ombe wa wajukuu wa Mzee Maduhu. Mama Minza ni bibi sasa, anatembea na fimbo, lakini mkono wa koki unaning'inia ukutani kwake palepale. Nilimwambia nimestaafu, kwamba sina ofisi tena, sina gari, wala mtu wa kutafsiria, na kwamba nilitaka kumwomba radhi mara moja zaidi nikiwa si mtu wa mradi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akauteremsha ule mkono wa koki, tukashuka pamoja polepole mpaka kwenye bomba, akauzungusha mwenyewe, akakataa nimsaidie. Maji yakatoka.

"Kunywa, ng'wana Luhende," alisema. "Leo na wewe uko chini."

Nikainama nikanywa.